Nani Kakwambia Yule ni wa Lamu?

Barua za safari hii zimetoka Lamu na Malindi, na karibu zote zinazunguka jambo moja: jina la mji, buibui au mikono ya hina kubandikwa kwenye picha na video za ngono mtandaoni. Tumezifupisha na kuondoa majina. Lugha tumeitunza, lakini tutasema yanayopaswa kusemwa. Mficha uchi hazai.

SWALI: Kila nikifungua ukurasa wa matokeo ya mpira kwenye simu, hutokea tangazo la msichana aliyekaa kitandani na maneno "Wanawake wa Nairobi wanakusubiri". Nilipokwenda Malindi harusini nikaingia kwa waifai ya nyumba ya wageni, msichana yuleyule akawa wa Malindi. Yuko wapi hasa? (Msomaji, Langoni, Lamu)

JIBU: Hayuko Nairobi wala Malindi. Hilo tangazo ni kama kadi ya mwaliko wa harusi iliyochapishwa ikaachiwa vidoto: "Bw./Bi. ............". Kadi ni moja, jina hujazwa baadaye. Ukifungua ukurasa, simu yako hujitambulisha kwa anwani ya IP, yaani namba ya kifaa mtandaoni. Mtambo wa watangazaji huichukua anwani hiyo, huitafuta kwenye orodha ya anwani na miji, kisha hulipachika jina la mji kwenye vidoto. Data ya simu mara nyingi hutokea intaneti kupitia mitambo iliyo mji mwingine kabisa, ndiyo maana wewe uliyeketi Langoni ukahesabiwa mtu wa Nairobi. Waifai ya nyumba ya wageni yaelekea ina anwani iliyoandikishwa Malindi.

Ukitaka kuhakikisha, washa VPN, programu inayokuonyesha mtandaoni kana kwamba uko nchi nyingine, chagua Ufaransa, fungua ukurasa uleule upya. Likitokea tangazo lile, bibi atakuwa wa Paris, na kitanda ni kilekile.

Kutazama tangazo hakujakudhuru kitu. Madhara huanza unapobonyeza. Kuna ukurasa utakaokuomba "Ruhusu" ili uendelee, na ukiruhusu, simu itajaa arifa za aibu hata ukiwa msikitini. Mwingine utataka namba ya kadi ya benki eti kuthibitisha umri, kisha kadi ikatwe kila mwezi. Wa tatu utakupa programu ya kupakua nje ya Play Store, hiyo usiiguse. Kama arifa zimekwisha kuingia, fungua Chrome, bonyeza nukta tatu za juu, ingia Mipangilio, Mipangilio ya tovuti, Arifa, kisha uzime kila tovuti usiyoijua. Kufuta historia peke yake hakuziondoi, na wengi hukosea hapo.

SWALI: Kuna video inazunguka kwenye magrupu ya WhatsApp, imeandikwa "Mke wa mtu Malindi, buibui". Uso hauonekani. Watu wanasema ni wifi yangu kwa sababu ya leso iliyotandikwa na kitanda. Kaka yangu ameanza kuamini. Tutajuaje ukweli? (Dada mtu, Barani, Malindi)

JIBU: Dada, anza na hayo maandishi. Kichwa cha video hakitoki kwa mpiga picha. Huandikwa na yeyote aliyeipakia mara ya mwisho, naye huandika kile anachojua kitatafutwa. Mtu wa Pwani akitafuta, atataka kuona "wa kwetu", kwa hiyo video moja huwa ya Tanga asubuhi, ya Mombasa mchana, na jioni ikawa ya Malindi. Neno "buibui" hufanya kazi ileile. Linaahidi kwamba unaoneshwa kilichofichwa, na ahadi hiyo ndiyo bidhaa. Hata kama hakuna buibui hata moja ndani ya video, neno huwekwa.

Tovuti kubwa zimeanza kubanwa kidogo. Desemba 2020, Visa na Mastercard zilipokata malipo, Pornhub iliondoa mamilioni ya video zilizopakiwa na watu ambao hawakuthibitishwa. Lakini chaneli za Telegram na vitovuti vidogo havina mlango wa namna hiyo, na huko nako majina ya miji yetu hupachikwa.

Sasa uchunguzi. Ufanywe na mtu mmoja tu, mwanamke wa nyumbani mwenye kifua cha kuhifadhi siri, tena kwa simu moja. Msiitume kwa "mtaalamu", msiipeleke kwa shangazi wa Watamu eti aitambue. Kila anayeituma mbele anaongeza kosa, hata akiwa na nia njema.

Simamisha video mahali panapoonekana vitu bila mwili: ukuta, pazia, dirisha, ncha ya kitanda. Piga skrinishoti tatu hadi tano za sekunde tofauti. Kata kila picha ibaki na kitu tu, mtu asiwemo kabisa. Kisha zipitishe kwenye Google Lens, TinEye na Yandex, ambazo hutafuta picha zinazofanana mtandaoni. Kila moja ina orodha yake, na inayokosa huku huonekana kule. Kwenye TinEye panga matokeo kuanzia la zamani zaidi. Tarehe utakayoiona ni siku TinEye ilipoikuta picha, siyo siku ilipopigwa, kwa hiyo video yaweza kuwa ya zamani kuliko hapo lakini haiwezi kuwa mpya zaidi. Ikitokea imekutwa miaka mitatu kabla wifi yako hajahamia nyumba ile, mjadala umekwisha.

Kisha tazama vitu. Leso haithibitishi lolote. Leso moja huchapwa kwa maelfu, ikauzwa Biashara Street Mombasa, ikafika Kisumu, Zanzibar na Muskati. Jina lake, yaani msemo ulioandikwa chini, halina mwenyewe. Kitanda cha samadari vilevile: zamani kingekuambia uko Lamu, leo kimo mahotelini kila pembe. Zidaka za ukutani pia zimekuwa pambo la nyumba za wageni.

Tundu la umeme ndilo lenye faida, lakini kwa upande mmoja tu. Plagi yetu ina meno matatu ya mstatili. Ndiyo ya Tanzania, Uganda, Uingereza na Dubai, kwa hiyo ukiiona bado hujajua ni wapi. Lakini ukiona tundu za mviringo, kama za Italia au India, basi haielekei kuwa ni chumba cha Malindi. Katika uchunguzi wa namna hii, kilicho rahisi ni kukanusha. Kuthibitisha ni kazi nyingine.

Sauti nayo isikudanganye. Ni kweli anayesema "mato" na "nti" huenda ana asili ya Lamu, au Mombasa, na anayesema "macho" na "nchi" huenda siye. Lakini sauti yaweza kubandikwa juu ya video, kwa sababu ulaini wa lafudhi ya Pwani umefanywa kivutio.

Usipopata kitu popote, usiseme "basi ni yeye". Yanayozunguka ndani ya magrupu ya WhatsApp hayaingii kwenye injini za kutafuta.

Na mwambie kaka yako neno moja zaidi. Tuseme, Mungu apishie mbali, ni yeye kweli. Kifungu cha 37 cha Sheria ya Matumizi Mabaya ya Kompyuta na Uhalifu wa Mtandao ya 2018 kinamshtaki anayesambaza picha ya faragha ya mwingine: faini isiyozidi Sh200,000, au kifungo kisichozidi miaka 2, au vyote viwili. Mwenye kosa ni aliyesambaza. Jirani aliyemwonyesha kaka yako video ile kwa kumtumia ameingia humo.

SWALI: Mimi ni mpaka hina. Huweka picha za mikono na miguu ya maharusi Instagram kupata wateja. Nimeambiwa picha zangu ziko kwenye chaneli ya Telegram ya mambo machafu, zimeandikwa "bibi harusi wa Lamu". Hakuna aliye uchi, ni mikono tu. Je, nina haki? (Mkomani, Lamu)

JIBU: Unazo, tena za aina mbili, na usizichanganye. Picha ni mali ya aliyeipiga. Ukiipiga wewe kwa simu yako, hakimiliki ni yako. Akiipiga dada wa bibi harusi akakutumia, ni yake, na yeye ndiye mwenye kudai. Mkono uliomo ni taarifa binafsi ya mteja, ikiwa anaweza kutambulika. Na mkono wa harusi hutambulika kwa haraka: pete, kovu, ua la hina lililopanda hadi kiwiko, maandishi "Ijumaa, Lamu" chini yake. Harusi za Ijumaa moja Lamu si nyingi kiasi hicho.

Usiandike kwenye chaneli kutukana. Wataifunga, wafungue nyingine kabla ya alasiri, na ushahidi umekwenda. Kwanza hifadhi: skrinishoti inayoonyesha jina la chaneli, kiungo chake, tarehe, na picha pamoja na maandishi. Tafuta ile picha asili kwenye simu yako, usiifute. Kisha iripoti ndani ya Telegram kwenye ujumbe wenyewe, si chaneli peke yake, ukichagua sababu ya hakimiliki, na ueleze kwa ufupi.

Kama picha zimeingia pia kwenye tovuti ya nje, hasa ya Marekani, hupelekwa taarifa ya DMCA, sheria ya hakimiliki ya Marekani. Inataka vitu sita: sahihi yako, kazi yako ni ipi, viungo kamili vya walikoiweka, namna ya kukupata, tamko kwamba unaamini kwa nia njema haikuruhusiwa, na tamko kwamba uyasemayo ni kweli. Kinachowaharibia watu ni viungo. Wanaweka anwani ya ukurasa wa mbele wa tovuti, na taarifa hutupwa. Weka kiungo cha kila picha, moja moja. Na ujue kwamba jina na anwani utakazoandika huenda zikamfikia aliyepakia. Kama hilo linakutisha, wakili aipeleke kwa jina lake.

Mteja naye anaweza kulalamika kwa Kamishna wa Ulinzi wa Data chini ya Sheria ya 2019. Malalamiko hutakiwa kuchunguzwa na kumalizwa ndani ya siku 90. Ofisi hiyo haina mchezo wa picha: mwaka 2023 iliitoza klabu moja ya Nairobi Sh1,850,000 kwa kuchapisha picha ya mteja bila idhini, na shule moja Sh4,550,000 kwa picha za watoto. Sasa elekeza kidole kwako pia. Wewe ulipoweka mikono ya wateja Instagram, ulipata idhini? Mteja aandike WhatsApp maneno yanayotaja mahali: "Nakubali picha ya mikono yangu iwekwe kwenye ukurasa wako wa Instagram tu, na nikisema iondolewe utaiondoa." Idhini ya "sawa tu" haitoshi.

Kuanzia leo, punguza picha iwe na upana wa pikseli 800 au chini. Kwa kuonyesha ua inatosha, kwa kuibiwa inakosa ladha. Jina la biashara lipite juu ya ua lenyewe, kati ya vidole, kwa sababu lililo pembeni hukatwa kwa sekunde moja. Pete zivuliwe. Tarehe na jina la mtaa visiwepo. Zima alama ya mahali kwenye kamera. WhatsApp ikituma picha ya kawaida huondoa taarifa za mahali, lakini ukiituma kama dokumenti ili isipoteze ubora, taarifa hizo huenda nayo nzima, na wapambaji wengi hutuma hivyo hivyo bila kujua.

SWALI: Nafanya kazi ya mashua Shela. Mwanamke aliniandikia Facebook, Kiswahili chake kizuri, akasema ni wa Malindi. Tukaongea kwa video usiku, nikafanya nisiyostahili. Sasa amenitumia rekodi na orodha ya ndugu zangu, ataka Sh15,000. Nimekwisha kutuma Sh5,000. Polisi watanicheka. (Nahodha)

JIBU: Nahodha, usitume tena hata shilingi. Aliyelipa mara moja ndiye anayerudiwa. Huyo mwanamke uliyemwona yaelekea ni rekodi ya mtu mwingine iliyochezwa mbele ya kamera, na nyuma yake kuna kijana au watu kadhaa wenye maneno yaliyoandikwa tayari. "Wa Malindi" alikuwa chambo. Kama ungekuwa Kwale, angekuwa wa Diani.

Fanya haya kwa mpangilio huu, leo hii. Piga skrinishoti za mazungumzo yote, jina la akaunti na kiungo chake, namba ya simu, na ujumbe wa M-Pesa. Kisha usambaze ujumbe ule wa M-Pesa kwenda 456 kuomba pesa zirudishwe. Kama mwenzio hajazitoa kuna matumaini; akiwa amezitoa hakuna, lakini ombi lako limebaki kwenye kumbukumbu. Jina linalotokea kwenye M-Pesa usiende kumvamia mwenyewe, kwani laini nyingi husajiliwa kwa kitambulisho cha mtu asiyejua lolote. Ficha orodha ya marafiki wa Facebook kwenye mipangilio ya faragha. Halafu ndipo uripoti akaunti na kuifungia. Ukiifungia kwanza, mengine hutayaona tena.

Kabla hajatuma yeye, waambie wewe watu wawili au watatu ambao ungeumia wakiletewa: "Kuna tapeli ana video yangu, akiwatumia msifungue, msisambaze, mnitumie namba yake." Ni dakika mbili za aibu, na baada ya hapo hana cha kuuza.

Rekodi iliyo mkononi mwako ipeleke StopNCII.org, tovuti ya kuzuia picha na video za faragha zisisambazwe. Hapo video haiondoki kwenye simu yako. Mtambo huipiga hesabu, ukatoa mfuatano wa herufi na tarakimu uitwao hashi, na hashi ndiyo inayopelekwa kwa Facebook, Instagram, TikTok na wengine walioingia. Kitu kinachofanana kikipakiwa huko, hukamatwa. Uwe umetimiza miaka 18 sasa na wakati wa kurekodiwa. Utapewa namba ya kesi na PIN. Ziandike kwenye karatasi, kwa sababu PIN ikipotea hairudishwi. Udhaifu wake ni kwamba video iliyokatwa, kugeuzwa kushoto kulia au kubandikwa maandishi yaweza kuponyoka, hivyo kila toleo jipya unaloletewa lipige hashi pia. Tena haifiki ndani ya mazungumzo ya WhatsApp, ambayo yamefungwa kwa siri kati ya wanaozungumza.

Kuhusu kuchekwa. Kifungu cha 37 tulichomtajia dada wa Malindi kinasema "mtu", hakisemi mwanamke. Wanaume wa Pwani wana mzigo wao katika biashara hii: "bichi boi" anachukuliwa kuwa wakati wote yuko tayari, kwa hiyo hata akidhulumiwa huambiwa amejitakia. Matapeli wanaijua aibu hiyo na kuitumia. Nenda kituoni mchana na mtu mmoja mzima, uliza afisa wa upelelezi, toa karatasi zako, na usiondoke bila namba ya OB, kitabu cha matukio cha polisi. Simu usiifute wala kuirejesha kiwandani. Mahakamani skrinishoti huambatana na cheti cha kifungu cha 106B cha Sheria ya Ushahidi, kinachoeleza zimetoka kifaa gani na kwa njia gani, na kifaa kikiwa kimefutwa, cheti hicho kinakuwa na maneno matupu. Akiendelea kukusumbua na ukamjua, kifungu cha 27 cha ile sheria ya mtandao ya 2018 kinakuruhusu kuomba amri ya mahakama ya kumzuia. Ombi hilo lazima lisikizwe na kuamuliwa ndani ya siku 14.

SWALI: Nina kazi ya chuo juu ya jinsia na mitandao. Kwa nini mwanamke huandikwa "wa Pwani", "Mwarabu", "mwenye hijabu", ilhali mwanamume katika video hiyohiyo hana kabila wala mji? Na zile ramani za "nchi fulani hutafuta nini" ni za kuaminika? (Mwanafunzi, Malindi)

JIBU: Kwa sababu anayetarajiwa kununua ni mwanamume, na kamera imewekwa palipo macho yake. Mwanamume wa kwenye video ni kiti cha kukalia mtazamaji, na kiti hakiandikwi kabila. Ukitaka kulithibitisha kwa kazi yako, chukua vichwa 100 vinavyotaja mahali, usifungue video hata moja, kisha uhesabu: neno la mahali limeshikamana na nani? Weka safu nne kwenye jedwali: neno la mahali, limemwelezea nani, vazi lililotajwa, na kitenzi ni cha nani. Safu ya kitenzi ndiyo tamu. Utaona mara nyingi mwanamke "amenaswa", "amevuja", "amefunuliwa", na mtendaji hayumo kwenye sentensi. Mnyambuliko wa Kiswahili umemficha kwa ufundi mkubwa.

Jambo hili halikuanza na intaneti. Mwanzoni mwa karne ya 20 studio za picha za Zanzibar na Mombasa ziliuza postikadi za wanawake wa Pwani. Chini ya picha hapakuwa na jina la mwenye sura. Paliandikwa kabila, au "mrembo wa Kiswahili" tu, kwa lugha ya mnunuzi. Postikadi ilikwenda Ulaya kwa stempu. Kilichobadilika ni kwamba sasa mnunuzi anaweza kuwa jirani, naye anamjua baba wa msichana.

Vazi nalo ni vazi la maigizo. Mwaka 2014 mwigizaji mmoja mzaliwa wa Lebanoni, wa familia ya Kikatoliki, alivishwa hijabu katika video ya Marekani. Alipata umaarufu wa ghafla na vitisho vya kuuawa kwa pamoja, na akaiacha kazi hiyo baada ya miezi michache tu. Hijabu haikuwa yake. Ilikuwa ya waliomwajiri.

Ramani sasa. Pornhub hutoa ripoti ya mwaka tangu 2013, na magazeti huchomoa humo ramani za nchi. Soma maandishi madogo. Mara nyingi neno lililoandikwa juu ya nchi siyo linalotafutwa zaidi, bali linalotafutwa zaidi kuliko wastani wa kwingine. Mfano wetu wa kubuni: katika kila utafutaji 1,000, neno A linatafutwa mara 200 kila nchi. Neno B hutafutwa mara 4 duniani na mara 12 kwenu. Ramani itaandika B, kwa kuwa mmezidi mara tatu, ingawa ni 12 kwa 1,000. Ukiandika kwenye kazi yako kwamba "wananchi wengi hutafuta B", mwalimu akiwa makini atakukata alama, na itakuwa haki.

SWALI: Mwanangu wa kiume ana miaka 15. Nimekuta kwenye simu yake picha ya utupu ya msichana wa darasani mwao, ametumiwa na wenzake. Nimpelekee mwalimu? (Mama, Lamu)

JIBU: Mama, usiitume kwa mwalimu, kwa baba yake, wala kwenye simu yako mwenyewe. Yeyote aliye chini ya miaka 18 ni mtoto, na kifungu cha 24 cha ile sheria ya mtandao ya 2018, kinachohusu picha za ngono za watoto, kina adhabu hadi faini ya Sh milioni 20 au kifungo cha miaka 25. Simu izimwe, iwekwe, na upige 116, namba ya watoto, ni bure. Watakuelekeza kwa afisa wa watoto. Mama wa yule msichana aambiwe ana kwa ana, kwa maneno, bila kuonyeshwa. Msichana mwenyewe, au mzazi akiwa naye, atumie Take It Down, huduma ya Marekani kwa picha za walio chini ya 18; inafanya kazi ya hashi kama tulivyomweleza nahodha, na haidai jina. Mwanao umuulize jambo moja: nani alimtumia. Mengine muulize kesho, hasira zikishuka.

SWALI: Naoa mwezi wa Shaaban. Kuna grupu la Telegram la "siri za kungwi wa Lamu", kiingilio Sh500 kwa M-Pesa. Wanasema wanawake wa Lamu wana mafunzo yasiyopatikana kwingine. Niingie? (Bwana harusi, Malindi)

JIBU: Usiingie. Somo, yaani kungwi, hufundisha kwa mdomo, chumbani, mbele ya mwari na wanawake wachache, na hapigi picha. Anayeuza video za hayo kwa Sh500 ama amechukua video za nchi nyingine akabadilisha kichwa, kama tulivyoeleza juu, ama amerekodi wanawake wasiojua. Ukiwa umekwisha kulipa, namba utakayoiona kwenye ujumbe wa M-Pesa iripoti 333 ikiwa laini yako ni ya Safaricom, kisha utoke kwenye grupu kabla wanagrupu wengine hawajaiona namba yako. Telegram, kwenye mipangilio ya faragha, ina pahala pa kuchagua namba isionekane na mtu yeyote.

Kuhusu mafunzo aliyopewa mwenzio, yeye yupo na ana ulimi. Ngoja nikaha ipite, umuulize.